Kwa Nini Sitazungumza Kwenye Filamu ya Nyanya Yako

Mjukuu wangu Kendi,

Huku Ruiri tuko salama. Maharagwe yameanza kuchanua, na goti la shangazi yako limepata nafuu.

Umeniuliza kwa nini nakataa kuzungumza kwenye filamu ya marehemu nyanya yako. Tulipokuwa tumeoana karibuni, mwalimu mmoja alikuja na kinasa sauti. Alitaka kumsikia nyanya yako, kwa sababu wanawake wa hapa walikuwa wakimwita awazalishe. Kila alipomuuliza swali, nilijibu mimi. Nilieleza hata namna ya kumgeuza mtoto aliyelala vibaya tumboni. Nyanya yako alikaa kando yangu, kimya.

Mwalimu alipoondoka, aliniambia polepole, "Umeeleza vizuri. Lakini wewe hujawahi kuingia katika nyumba hizo."

Na hakuna mwingine aliyekuja kumrekodi mpaka tukamzika.

Kwa hivyo njoo na kamera yako, lakini uanze kwa Mama Karimi na wenzake aliowazalisha. Waulize wao. Mimi nitawapikia chai, kisha nikae nisikilize.

Mungu akulinde huko Nairobi.

Babu yako,
M'Ikiara