Dawa Iliyogeuka Maziwa

Jumatatu, 12 Februari 1996
Tumeamka wazima. Mama mkwe kifua kimetulia. Minza kaenda shule na kiporo. Mdogo wake, Masanja, yuko na ndama. Baba Minza bado yuko Shishiyu kwa kaka yake. Aliacha neno: dawa ya pamba nisinunue mpaka arudi. Leo nimeona funza kwenye vitumba. Roho haitulii. Pamba hii ndiyo shule ya Minza.

Jumatano, 14
Minza ana mtihani wa Kiingereza. Ni misemo ya mtu kudanganywa tu. Sikujua Wazungu wanayo mengi hivyo. Kuna kuvutiwa manyoya ya kondoo machoni. Kuna kupakiwa kwenye gari ukatembezwa. Kuna kumeza ndoano, kamba na kile kizito chake. Nikamwambia samaki wa Lamadi ndiye anameza hivyo, siyo mtu. Tumecheka. Funza wameongezeka.

Jumamosi, 17
Gulioni. Zamani dawa ililetwa na ushirika. Siku hizi biashara huria, kila mtu anauza. Mimi dawa naijua. Ukiitia kwenye maji, maji yanakuwa meupe. Kijana mmoja muuzaji akatia tone la yake kwenye kikombe cha maji mbele yetu. Maziwa matupu. Nimenunua. Mama Kabula, jirani yangu, alisita. Mimi ndiye niliyemwambia achukue, hii ndiyo yenyewe.

Jumatatu, 19
Nimepiga dawa shamba lote. Bomba limeniumiza mgongo. Macho hayakuniwasha. Ya zamani ilikuwa inatoa machozi. Hii inanukia kama zahanati. Sikumwambia mtu.

Alhamisi, 22
Funza wazima. Wamenenepa. Minza kanusa chupa, kasema ni dawa ya kuoshea vidonda. Nayo inageuza maji kuwa meupe. Nimekaa chini palepale. Mama mzima. Nilingoja anitajie Kiingereza chake. Aseme lipi ni langu, la kondoo au la ndoano. Akachukua kopo.
"Mayu, mama yangu, yale ni ya mtihani. Twende tukaokote funza."
Nimelia kidogo, nyuma ya zizi.

Ijumaa, 23
Kwenda kwa mama Kabula nimerudia njiani mara mbili. Aibu. Nimemweleza. Bahati alikuwa hajapiga. Kaniangalia mpaka nikainamisha kichwa.
"Haya, bibi shamba. Na wewe maziwa ulikuwa huyajui?"
Halafu kawaita watoto wake, wakaja na makopo.

Jumapili, 25
Baada ya kanisa tumeokota tena. Hata mama mkwe, kwenye kigoda chake, anasogezwa mstari kwa mstari. Funza tunawapa kuku. Upande wa mtoni vitumba vimeisha. Upande wa nyumbani labda vitapona. Sijui.
Katekista anakwenda Shishiyu kesho. Nimemtuma kwa baba Minza. Nimeyarudia maneno mpaka kayashika: tupo wazima wote, dawa nilinunua, nilidanganywa, tunaokota kwa mkono, Minza bado anasoma. Atume neno upesi. Hata kama ni la hasira, alitume.