Mawingu ya Filamu Iliyozeeka

Katesh, Jumanne jioni, Oktoba 1949

Nilijua kabisa filamu ile muda wake umepita. Ilikuwa sandukuni mwa marehemu baba tangu wakati wa vita. Lakini mpya hazijafika, na mama mmoja mfugaji wa Gendabi alitaka picha yake na ng'ombe wake, mlima Hanang ukiwa nyuma yao.

Leo nimeisafisha, nikachapa picha. Ukungu mtupu! Mama na ng'ombe wanaelea kama wako ndotoni, na juu ya mlima kumetanda weupe mzito. Nusura niichane.

Alipokuja nilimpa shikamoo, nikamkabidhi picha huku nikitazama chini. Aliishika muda mrefu.

"Siku ile mbingu zilikuwa tupu," alisema. "Kumbe mvua ilishafika, sisi tu hatukuiona. Nitamwambia mwanangu asihamishe ng'ombe."

Nikamweleza wazi kwamba filamu imeharibika, hiyo si mvua. Alicheka tu, akaificha picha ndani ya shuka lake, akaondoka.

Mwanawe alikuwa awapeleke ng'ombe Basotu kesho, ziwani. Gendabi nyasi zimekwisha.

Nimetoka nje mara tatu kuutazama mlima. Hakuna hata wingu. Mara ya tatu niliutazama kupitia kamera.