Matembele Makavu kwa Wakwe

Marahaba, Mwanaidi. Huku Kiegeani babu yako mzima, mimi situlii.

Unauliza kwa nini matembele yako yanalegea mafutani, na wakwe wanakuja Ijumaa. Mimi siku ya wakwe zangu niliyatumbukiza yakichuruzika maji, huku nikibishana na wifi aliyedai mwanamke asiseme mkutanoni. Mafuta yakaruka, majani yakawa rojorojo.

“Mwanangu,” mama mkwe akacheka, “wifi yako umemshinda, maji hujayashinda.”

Akatandaza mengine kwenye ungo kivulini, akanikalisha kando. Kusubiri yakauke kuliniuma kuliko mafuta. Lakini yalipokaangwa, yalivunjika mdomoni kwa mlio, na wifi akaomba tena.

Basi yaanike, usiyaguse. Wakwe wakinung’unika njaa, waache wanung’unike.

Bibi yako