Kukhu, Kura Yangu Imebaki Gatwekera

Kukhu,

Nyanya yangu, nimeketi kwenye kistuli chako cha kukatia sukuma wiki, mlango wazi ili nipate mwanga wa kuandikia. Mama amekwenda kufua nguo za watu Kilimani. Nje, watoto wa Mama Achieng wanapigania baiskeli isiyo na mnyororo. Kila kitu kiko pale ulipokiacha, isipokuwa wewe.

Nina jambo nimefanya, na nataka ulisikie kutoka kwangu. Anko Shem ndiye anayepalilia kaburi lako, kwa hivyo najua ameshakuambia. Namjua mwanao, hawezi kushika jembe akanyamaza. Basi sikia na upande wangu.

Nimejiandikisha kupiga kura. Na nimejiandikisha hapa Gatwekera, Kibera, si nyumbani kijijini Emuhaya.

Usinune kwanza. Ngoja nikueleze. Unajua mdomo wangu ni mzito, lakini kwa kalamu najitahidi.

Matokeo yangu ya Form Four yalitoka wiki chache baada ya kukuzika. Ulikuwa umesema nikipita nitayasoma kwa sauti ili majirani wasikie. Nilipita, Kukhu. Niliyasoma kwa sauti humu ndani, nikiwa peke yangu na Mama, na Mama Achieng akapiga vigelegele upande wa pili wa mabati. Kisha tukalia wote watatu, yeye kwake na sisi kwetu.

Sasa nikisubiri chuo naosha nywele kwenye saluni ya Auntie Rozi pale Kawangware, kituo cha 56. Siongei sana, kwa hivyo wateja wamenibatiza Silent. "Silent, maji ni moto!" "Silent, unaniosha ama unanipapasa?" Mimi nacheka tu na kuendelea. Auntie Rozi ndiye anayeongea kwa niaba yetu sote. Huyo ni binti yako kweli. Juzi alikuwa akimsuka mama mmoja huku akimlalamikia kwamba jimbo la Dagoretti lilipokatwa vipande viwili, Kawangware ikajikuta chumba kimoja na Kilimani na Kileleshwa. "Wao wanalilia lifti, sisi tunalilia mtaro," akasema. "Na mbunge ana masikio mawili tu, yote yako kwa lifti." Yule mama alicheka mpaka akavutwa nywele.

Nilitaka kukimbia nyumbani nikusimulie. Halafu nikakumbuka.

Hayo ya vyumba ameyatoa kwako. Wewe Bunge uliliona kama ploti ya vyumba vya kupanga, na wabunge uliwaita wapangaji. Gari la kampeni likipita na spika zake, hukuinua hata kichwa. Ulikata sukuma na kusema, "Mwambieni huyo mpangaji mkataba wake ni miaka mitano. Asianze kupaka rangi ukuta." Wateja walikuja kwa sukuma wakabaki kwa maneno.

Shuleni tulipofika kwenye somo la mabadiliko ya Bunge, mimi nilikuwa nimeshalisikia hapa mlangoni. Ulinieleza kwamba nchi ilipopata uhuru Bunge lilikuwa na nyumba mbili, moja, Seneti, ikavunjwa ukiwa bado mtoto, na ulipozeeka ikajengwa tena. Ulinieleza kwamba ulipofika Kibera ukiwa bibi harusi, hapa palikuwa ndani ya Lang'ata, na palibaki Lang'ata mpaka Guka, mumeo, akafa. Halafu katiba mpya ikaja, Lang'ata ikagawanywa, na Kibera yetu, kwa jina la Kibra, ikapata kiti chake. "Kitanda changu hakijasogea," ulikuwa ukisema, "lakini nimehamishwa nikiwa nimelala." Hata nyumbani Emuhaya ilikatwa, Luanda ikatoka. Wewe hukulalamika. Ulisema landlord akigawa chumba kwa mabati, usipoteze muda ukipimana naye; angalia mlango wako uko wapi na ufunguo unao nani.

Mimi nilidhani ufunguo unao wewe.

Unakumbuka kampeni ya mwisho? Yule kijana wa fulana ya njano, aliyekuja kugawa makaratasi yenye picha? Ulimwonyesha mtaro, ukamwambia mgombea wake aje auruke akiwa amebeba mtungi wa maji kichwani, halafu ndiyo aombe kura. Watu wakashangilia. Kijana akakuangalia, akatabasamu, akauliza, "Sawa Shosho, na wewe kura yako iko wapi?"

Ukasema, "Nyumbani."

"Basi si ukapigie mtaro wa nyumbani kelele!"

Watu walewale waliokuwa wakikushangilia walicheka. Wewe ulirudi kwenye sukuma yako. Swali lile lilibaki nami.

Kwa sababu ndivyo tulivyokuwa tukifanya sote. Tunaishi hapa, tunaumwa hapa, tunazaa hapa, lakini "nyumbani" ni kule. Uchaguzi ukifika tunapanda basi. Sensa ilipofika pia tulipanda basi. Nilikuwa bado shule ya msingi. Viongozi wa kule walikuwa wamewaambia wazee, na wazee wakapiga simu: kila mtoto arudi ahesabiwe kwao, tusije tukaonekana wachache. Ulinivalisha sweta ya shule ingawa ilikuwa likizo. Ukafunga mlango huu kwa kufuli lile kubwa la shaba. Laini yetu yote ya nyumba ilikuwa na makufuli. Wajaluo wameelekea kwao, sisi kwetu, na mbuzi wa Mzee Otieno akabaki kuwa mkubwa wa mtaa.

Kule tulihesabiwa sebuleni kwa Anko Shem, tumejipanga kwenye makochi kama watu wanaopigwa picha. Ulifurahi sana. Ulikula ugali wa mtama usiku ule na kuimba.

Tuliporudi Gatwekera, milango michache ilikuwa imeandikwa namba za sensa kwa chaki. Wetu haukuwa na kitu. Uliutazama, ukacheka, ukasema, "Wamepita wakaona hatupo." Nikacheka na wewe. Sikujua tunacheka nini.

Nimekuja kujua wiki iliyopita.

Mipaka ya majimbo na wadi inapitiwa tena, Kukhu. Kulikuwa na mkutano wa kuchukua maoni kwenye ukumbi mmoja kule Soweto East, karibu na zile fleti za serikali. Mzee Otieno, ambaye bado ni mwenyekiti wa mtaa wetu, alipita mlango kwa mlango akiita watu. Kwetu alisimama akavua kofia. "Kukhu yenu angekaa mbele kabisa," akasema. Mama alikuwa kazini. Nikamwomba Auntie Rozi ruhusa, nikaenda mimi. Nilikaa nyuma, karibu na mlango, unajua vile huwa nakaa.

Ukutani walikuwa wamebandika ramani. Gatwekera ilikuwa ndogo kuliko kidole changu cha gumba. Mama mmoja wa tume ya mipaka, mpole, mwenye miwani, alitueleza kwamba idadi ya majimbo imeandikwa kwenye katiba, mia mbili na tisini, na hawawezi kuongeza hata wakitaka. Kinachoweza kubadilika ni mahali mistari inapopita, na mistari inafuata watu walivyohesabiwa. Nikajisemea moyoni kwa sauti yako: vyumba haviongezwi, ni mabati tu yanasogezwa.

Mzee Otieno akasimama kudai kwamba Gatwekera ni kubwa, inastahili wadi yake yenyewe. "Sisi ni wengi!" akapaza sauti. "Njoo asubuhi uone foleni ya choo!"

Ukumbi wote ukacheka. Yule mama naye akacheka. Kisha akasema, kwa upole tu, "Nakuamini, mzee. Lakini foleni ya choo haiko kwenye sensa. Siku ile ya kuhesabiwa mlikuwa hapa?"

Watu wakaangaliana. Mtu mmoja kando yangu akasema, "Tulihesabiwa na ng'ombe, nyumbani!" Wakacheka tena, lakini kicheko hiki kilikwisha haraka. Mzee Otieno aliketi polepole. Alikuwa na uso uleule uliokuwa nao wewe siku ya kijana wa fulana ya njano.

Sijui nilisimama saa ngapi. Nilijikuta tu nimesimama, mikono imeshika kiti cha mbele. Ulizoea kuniambia, "Sauti yako umeiweka akiba ya nani?" Nikasema naitwa Ayuma, nimelelewa Gatwekera na nyanya yangu aliyekuwa akiuza sukuma kando ya reli. Nikasema siku ile mlango wetu ulikuwa na kufuli na haukuandikwa chaki, lakini sufuria zetu zilikuwa ndani, na vitanda, na daftari zangu za shule. Nikawaomba wasitupime kwa yale makufuli. Waje wahesabu tena, watatukuta. Sauti ilikuwa ndogo, Kukhu, sitakudanganya. Lakini ilifika mpaka kwenye ramani.

Yule mama aliandika. Kisha akanitazama juu ya miwani. "Asante, Ayuma. Umeshafikisha umri?"

Nikasema ndiyo, nina kitambulisho.

"Na kura utapigia wapi?"

Swali lilelile. Kitambulisho kilikuwa mfukoni. Anko Shem alikuwa ameshanipangia safari ya kwenda kujiandikisha nyumbani wiki hiyo. Ukumbi wote ukageuka kunitazama, hata Mzee Otieno. Nilikuona umeinamia sukuma yako, watu wakicheka.

Nikasema, "Hapa."

Anko Shem alipiga simu jioni ileile. Habari zina mbio kuliko mabasi ya kwetu. Alikasirika kweli. Alisema Emuhaya ni ndogo, inaweza kuunganishwa tena na jirani, na sisi vijana wa Nairobi ndio tunaoimaliza. Halafu akasema, "Kukhu yako hata udongo wa kaburi haujashikana, na wewe umeshamhama."

Nilitoka nje nikasimama kando ya reli, simu sikioni, nikimsikia anavyohema.

Nikamwambia, Anko, kadi yangu ya kura haisogezi mpaka. Kinachohesabiwa kwenye mpaka ni watu walipo. Wewe uliye huko, na wanao, ndio Emuhaya. Mimi nalala Gatwekera. Nikiugua usiku, dispensari ya hapa ndiyo itanipokea au itanifukuza. Mtaro wa hapa ndio ninaouruka. Nitamwuliza nani, kama mbunge niliyempigia kura yuko huko nyumbani?

Akasema, "Hayo ni maneno ya shule."

Nikasema, "Hapana, Anko. Ni ya Kukhu. Nimeyamalizia tu."

Kisha akauliza, sauti imeshuka, kama Desemba nitakwenda kweli. Nikasema nitakwenda. "Basi beba gambuti," akasema. "Njia ya kaburini imekuwa matope."

Jana asubuhi nikajiandikisha, kabla ya kwenda kazini. Mashine ilikataa vidole vyangu mara ya kwanza kwa sababu ya dawa ya nywele. Karani akasema, "Wewe huna alama, dada, wewe ni mzimu?" Nikavifuta kwenye sketi, nikabonyeza tena, ikanikubali. Nilitembea mpaka 56 nikiwa nimenyoosha shingo kama niliyebeba mtungi. Auntie Rozi alipouliza kwa nini natabasamu, nilimwambia mwenyewe, wateja wote wakisikia. Mmoja akasema, "Kumbe Silent ana volume!"

Kukhu, sikukuhama. Wewe uliwekwa kando ya Guka, na hapo ndipo ulipotaka. Ulipokuwa ukisema "nyumbani" macho yako yalikuwa yakienda mbali, na mimi siwezi kukunyang'anya hilo. Mimi nikisema neno hilo naona mlango huu, na kistuli hiki, na reli. Wewe ndiye uliyenilelea hapa. Ungetaka nipaone kama pa kupita tu, ungenilea mahali pengine.

Mwanga unaisha na Mama atarudi sasa hivi, inanibidi niwashe jiko. Lala vizuri, mama wa sukuma. Desemba nitakuja na gambuti zangu, nitapalilia upande ambao Anko Shem anaruka, na nitakusomea barua hii kwa sauti, hata kama atasikia.

Na jambo moja nakuahidi. Sensa ijayo, viongozi wa kule wakipiga simu, nitawasalimia vizuri na kubaki. Kufuli lile la shaba litakuwa mezani, wazi. Karani akija na chaki yake akabisha mlango huu, atasikia mtu ndani akisema, "Karibu, tupo."

Mjukuu wako,
Ayuma