Ulichomwitia Mwalimu Nyuma ya Jiko

Mwaka umetimia, Mama, tangu ulipotutoka asubuhi ya Ijumaa ile ya mwezi wa saba, hapa nyumbani Mafinga. Uliondoka bila kuaga, wewe ambaye kumuaga mgeni mmoja kulikuchukua saa nzima na kuishia barabara kuu.

Tunakukumbuka sokoni, kwenye meza yako ya maharage. Wenzako walipima, wakamimina, wakapokea hela. Wewe ulichambua kwanza, na ukikuta punje yenye michoro ya kukupendeza unaiweka kando. "Hii haiuzwi," unamwambia mteja. "Hebu itazame. Nani kaichora?" Mteja aliyekuja na haraka zake anajikuta ameinamia punje moja ya harage. Ukamfidia kwa nyongeza ya nusu kopo, ndiyo maana hukutajirika, na ndiyo maana msiba wako ulijaa watu mpaka uani kwa majirani.

Tunakukumbuka safarini pia, tukitoka kumsalimu mwanao Happy kule Soweto, Mbeya. Basi likifika karibu na Igawa unasimama na kuwaita abiria wote waone mvua inavyonyesha upande mmoja tu wa Usangu, upande wa pili jua linawaka. "Keta! Keta!" unapiga kelele kwa Kinyakyusa chako, na wafugaji wa Kisukuma waliokuwa wakikusanya mizigo yao washuke nao wanatazama, bila kuuliza neno hilo maana yake nini. Baba hapo hakujui. Amegeukia dirisha la pili kama mtu aliyepanda peke yake.

Unamjua mumeo. Mwalimu Anord Kalinga amefundisha jiografia miaka thelathini na minne, na kwake hakuna kitu chini ya jua kisicho na maelezo. Ukimwonyesha upinde wa mvua, anasema ni mwanga umepinda. Ukimwonyesha nyota inaanguka, anasema ile si nyota na wala haianguki unavyodhani. Mmeishi hivyo miaka thelathini na minane, wewe unaita, yeye anafafanua, na sisi wanenu tukaona ndiyo ndoa zilivyo.

Ikaja Jumanne, siku tatu kabla hujaondoka. Baridi ilikuwa ya kuuma masikio. Ukaita kutoka nyuma ya jiko, "Baba Happy! Njoo uone, upesi!"

"Nakuja," akajibu.

Alikuwa na kikombe cha chai mkononi na taarifa ya habari redioni. Akaisikiliza mpaka kwenye michezo. Alipotoka alikukuta peke yako, unafuta machozi ya kicheko kwa ncha ya kitenge.

"Nini?"

"Imekwisha."

"Basi nieleze."

"Nikikueleza utanifafanulia," ukasema, ukaingia jikoni kukoroga uji. Ijumaa hukuwepo tena.

Mama, hilo "nakuja" limemkaa Baba kooni kama mwiba wa samaki. Alituambia siku ya arobaini, mbele ya watu, "Mama yenu aliniita, sikwenda." Tulimpoza kwa maneno yote tuliyokuwa nayo. Hakutaka kupozwa, alitaka kujua aliitiwa nini, basi.

Akaanza utafiti. Alichora ramani ya ua wa nyuma, na mshale wa kaskazini akauweka. Akanunua daftari, akapiga mistari: saa, upepo, mawingu, maelezo mengineyo. Kila asubuhi kunapopambazuka alikuwa ameketi kwenye kigoda nyuma ya jiko, amejifunga blanketi, kalamu sikioni.

Siku ya tisa jirani yetu Obeid akamshtaki. Bafu lake la mabanzi linatazamana na ua wetu, na alidai hawezi kuoga huku mwalimu mstaafu anaandika. Mwenyekiti wa mtaa akaja na uso wa kazi. Baba akamweleza kisa chote, akampa kigoda, akamwambia, "Kaa hapa, tazama pale, tuone na wewe utaona nini." Mwenyekiti akakaa. Akaona siafu wanne wamebeba mguu wa panzi, na wa tano amepanda juu yake anabebwa. Akaona utando wa buibui umejaa umande kutoka nguzo hadi nguzo. Alisimama saa tatu na robo, amechelewa kikao chake mwenyewe, na kesi ya Obeid hatujaisikia tena.

Mwanzoni daftari lilijaa maelezo. Happy alipokuja kutoka Mbeya mwezi wa tatu alilisoma kwa siri, akakuta mistari ya saa na upepo iko mitupu, na ukurasa mzima una sentensi moja: "Leo sikuandika, nilikuwa natazama." Akalirudisha mahali pake, akaenda chumbani kulia kidogo.

Mwezi wa sita Mama Damari, rafiki yako wa ng'ambo ya ua, akarudi kutoka Chunya, alikokuwa tangu wiki ya mazishi akimlea binti yake aliyejifungua mapacha. Akaja kusalimu.

"Kamwene, Mwalimu. Mbona umekaa kwenye baridi hivyo, unatafuta nini?"

"Natafuta alichoniitia Mama Happy ile Jumanne."

Mama Damari akamkodolea macho. Kisha akaanza kucheka, akashika ukuta, akaona hautoshi, akaketi chini.

"Mwalimu! Ilikuwa suruali yako!"

Ile ya kaki, Mama. Uliisahau kwenye kamba usiku kucha ikaganda. Mama Damari alisema mliianua ikiwa ngumu kama ubao, mkaisimamisha njiani kwa miguu yake yenyewe, ukaivika kofia ya Baba kiunoni, ukaiamkia kwa heshima zote. "Shikamoo, Mwalimu." Ikanyamaza. "Leo hafafanui!" ukasema, na hapo ndipo mkaishiwa nguvu. Jua likapanda, suruali ikalegea taratibu, ikapiga magoti mbele yenu, ikalala. Mama Damari akakimbilia chungu chake kilichokuwa kinaungua kwake, na ndipo Baba akatokea.

Tulimtazama Baba. Tulijua kinachofuata ni somo la sakitu, nyuzi joto, na kwa nini maji yakiganda hutanuka.

"Alicheka sana?" akauliza.

"Mwalimu, alicheka mpaka akanishikilia asianguke."

"Sana kabisa?"

"Kabisa."

Akatikisa kichwa, akakunja daftari. Jioni hiyo, kwa mara ya kwanza tangu tumjue, akafua suruali yake mwenyewe. Akaianika jua likizama. Asubuhi ikawa imelowa tu. Akaianika tena kesho yake, na kesho kutwa, siku kumi na moja mfululizo, na Shedrack akawa anapiga simu kutoka Iringa kuulizia hali ya suruali kabla ya kuulizia hali ya baba yake.

Siku ya kumi na mbili tuliitwa. Sauti yake haikuwa ya mtu mzima, Mama. Tulitoka na mablanketi, wengine peku, hakuna aliyesema "nakuja". Majani yote yalikuwa meupe, na katikati ya njia suruali ya kaki imesimama peke yake, miguu imepanuka, kama inasubiri darasa litulie. Baba amesimama kando yake, machozi yanamshuka naye anacheka.

Goodness, mjukuu wako wa miaka sita, akamvuta shati. "Babu, kwa nini imesimama?"

Mwalimu wa jiografia wa miaka thelathini na minne akachuchumaa, akamshika mkono.

"Sijui, mjukuu wangu," akasema. "Hebu tuitazame."

Amedanganya mtoto asubuhi kweupe, na hakuna hata mmoja wetu aliyemsahihisha.

Unakumbukwa na mumeo, Mwalimu Anord Kalinga, wanao Happy na Shedrack, mkweo Esta, mjukuu wako Goodness, Mama Damari na wanawake wote wa meza za maharage. Ibada ya shukrani itakuwa usharikani Jumapili hii, saa tatu asubuhi.

Macho tunayo, mama yetu Tumpe, na hatutakusahau kamwe.