Mdhamini wa Bunduki ya Baba

Baba,

Shikamoo ninayo, lakini leo siitoi. Nakuandikia wewe uliyelala makaburini Kisutu, na naandika wazi, asome anayetaka, kwa sababu jana nilikuwa msibani Mtaa wa Sikukuu na mzee mmoja wa rika lako kakutaja mbele za watu. Kasema, "Huyu mama mnayemwona ni binti wa yule mwindaji. Mwafrika wa kwanza mtaani kwetu kukata leseni ya kuwinda, na hakuwahi kuvunja sharti hata moja." Wanawake wakaniangalia kwa heshima. Mimi nikaendelea kuchambua mchele. Lakini nilipofika nyumbani nikasema la, safari hii sinyamazi. Masharti yale nayajua kuliko wote waliokaa pale, maana mimi ndiye niliyekusomea.

Nianze na mema yako, wasije wakasema sina shukrani. Mama alipofariki tulibaki mimi na wewe katika chumba kile cha kupanga, Kariakoo, na hukuniletea mama wa kambo. Mchana kutwa ulikuwa unapima nguo katika duka la Mhindi wako kule Mchafukoge, jioni unarudi na vipande vya kitambaa cha marekani unanishonea magauni ya mwanasesere. Nywele ulinisuka mwenyewe. Ulisuka vibaya mno, majirani walicheka, na wewe ukanipeleka sikukuu Mnazi Mmoja na mabutu yaliyopinda hivyohivyo, umenishika mkono kama umemshika sultani. Wasichana wenzangu waliwekwa ndani, mimi ukanipeleka shule nikajua kusoma. Nilikupenda, baba. Ningekuwa sikukupenda, hii barua ingekuwa fupi.

Halafu ikaingia hiyo bunduki. Dukani kwenu walikuwa wanakuja Wazungu kununua nguo za kaki za safari, wanazungumza habari za nyati na kongoni wa Ruvu, na wewe mwenye mvi wanakuita boi. Ukawa unarudi na maneno yao. Ukaanza kunihadithia babu yako wa Rufiji aliyekuwa na gobori, Mdachi akamnyang'anya. "Mimi nitakuwa na yangu," ukasema, "na ya halali, yenye karatasi." Ukaenda bomani kwa Bwana Nyama, yule Mzungu anayesimamia wanyama wa porini, ukarudi na karatasi ya masharti iliyoandikwa kwa Kiswahili.

Zile jioni za barazani ndizo zinazoniuma zaidi. Tulicheza, baba. Mimi nilikuwa karani, nimevaa kofia yako, nimekaa juu ya ndoo. Wewe ulikuwa mwombaji, umesimama wima, mikono umeikunja tumboni.

"Haya wewe. Mnyama jike mwenye mtoto?"

"Simpigi, bwana."

"Twiga?"

"Simgusi, bwana, hata akinipiga teke."

"Nyama ukiipata, unaiuza?"

"Siiuzi, bwana. Nakula mimi na binti yangu."

"Na mnyama uliyemjeruhi akakimbilia porini?"

"Namfuata mpaka nimmalize, bwana. Haachwi na maumivu."

Nikikupata na kosa nakurudisha mwanzo, na wewe unarudi bila kinyongo. Tulicheka mpaka mwenye nyumba akatugongea ukuta. Kisha siku moja nikageuza karatasi, nikasoma sharti la nyuma, kwa sauti yangu mwenyewe, ya madaha: mwombaji wa mjini alete mdhamini, mtu mwenye nyumba yake, anayejulikana bomani, aje aseme kwamba mwombaji ni mtu mwema. Basi. Karatasi haikusema zaidi. Ukaniomba nirudie. Nikarudia.

Mwenye nyumba wetu alikataa, tajiri yako Mhindi akacheka. Akabaki Mfaume, muuza nyama wa sokoni, mwenye nyumba ya bati Mtaa wa Narung'ombe, ambaye mkewe wa kwanza alitoroka, na mtaa mzima ulijua kwa nini. Mimi nilikuwa nyuma ya pazia siku alipokuja kukujibu. Alisema, "Mimi mtu baki simwekei neno bomani. Kesho akipiga mtu risasi nitaulizwa mimi. Lakini mkwe wangu ni mtu wa ndani. Huyo nitamsemea."

Ulimjibu nini? Ulimjibu, "Karibu chai."

Kesho yake ukaniambia nimepata bahati, nimeposwa. Nilikuwa na miaka kumi na sita, Mfaume alikuwa rika lako. Nilikuuliza, "Kwa nini yeye, baba?" Ukasema ana nyumba ya bati. Hukunitazama uliposema, ulikuwa unapiga kiatu rangi. Ndoa ikafungwa Ijumaa. Jumatatu mkaongozana bomani, mkwe na mkwe, na kabla mwezi haujaisha bunduki ya mtutu mmoja ikawa imelazwa juu ya kabati, mahali alipokuwa anakaa mwanasesere wangu.

Hebu tuseme ukweli kuhusu uwindaji wako pia, kwa sababu yule mzee wa jana anadhani ulikuwa unaangusha nyati. Ulikuwa huna shabaha, baba. Ulipanda gari moshi mpaka Soga umevaa kaki iliyopigwa pasi, ukarudi na mafua. Ukaenda Kisarawe, ukarudi na kanga wawili ambao mimi nadhani uliwanunua. Mara moja tu ulipiga paa, ukamwahi ukamchinja, na nyama ukaileta kwa Mfaume nikupikieni. Siku ile jicho langu moja lilikuwa limefumba kwa uvimbe. Nilikuwekea sahani mbele, ukala, ukanitazama usoni vizuri kabisa, ukasema chumvi imezidi.

Mara ya kwanza kutoroka, nilikuja kwako na damu inachuruzika sikioni. Alinipiga na kitako cha kisu cha kukatia mifupa, kwa kuwa nilichelewa kumfungulia mlango. Sikio lile la kushoto mpaka leo halisikii. Ulinifuta damu kwa kipande cha marekani, taratibu, na mimi nikadhani mambo yameisha, nimerudi kwa baba yangu. Kumbe unatafuta maneno. Ukasema, "Rudi, mwanangu. Leseni inakwisha mwisho wa mwaka, na kuikata upya lazima Mfaume aseme tena neno lake. Akigoma, wananinyang'anya bunduki. Vumilia mpaka niikate, kisha tutaona." Ulikuwa umekariri barazani kwamba mnyama aliyejeruhiwa haachwi na maumivu, tena ulikariri bila kosa. Jioni ileile ukanirudisha kwa mkono wako, ukabisha hodi, ukamwomba Mfaume radhi kwa niaba yangu.

Nikavumilia. Mwaka ukageuka, ukakata leseni, nikaja. Ukasema tusimuudhi mapema hivi, mwaka ndio kwanza unaanza. Mwaka mwingine nikaja na mimba imetoka kwa mateke. Ulilia, sikunyimi haki yako, ulilia kweli. Ukachemsha maji ukaniogesha kama mtoto. Halafu ukasema, "Mfaume ndiye mdhamini wangu, Mwajuma. Bila yeye mimi nani? Vumilia mpaka niikate." Nikajua basi, hivi ndivyo dunia ilivyopangwa, serikali imeniweka mimi kati ya wewe na bunduki yako. Nilimchukia Bwana Nyama, nisiyemjua kwa sura. Kila mwaka ukiingia ukingoni nilikuwa nawaapiza watu wa boma, mmoja mmoja, wakati naosha mafuta ya ng'ombe kwenye nguo za mume wangu. Wewe sikukuapiza hata mara moja. Nilikuona na wewe umefungwa kama mimi.

Ikaja ile homa yako ya miguu. Ikavimba, pumzi ikawa fupi, kitandani hutoki, na mwaka unakwisha. Ukaniita. "Nenda bomani na bunduki, lazima ionekane ndipo leseni ikatwe. Waambie naumwa." Nikaifunga katika khanga nikaibeba begani, nikatoka Kariakoo mpaka bomani kule Posta watu wananipisha njia, wakidhani nimebeba mchi.

Karani alikuwa mzee mwenye miwani, mtu mpole. Nilimwamkia, akaniitikia, kisha akaona nilichobeba akashtuka. "Bibie, bunduki habebi mtu ila mwenye leseni. Ukikutana na askari unafungwa wewe na baba yako." Nikamweleza ugonjwa. Akatafakari, akasema, "Basi iache hapa, itatunzwa. Akipata nafuu aje mwenyewe, au atume neno tumfuate nyumbani na karatasi. Neno lake tu linatosha."

Nikamuuliza, "Na mdhamini nimlete lini?"

Akasema kitu sikusikia, nikamgeuzia sikio la kulia. Akarudia. "Mdhamini wa nini?"

"Wa kukata leseni upya. Muuza nyama."

"Aah, huyo," akasema. "Mdhamini ni mara ya kwanza tu, bibie, wakati mtu hajajulikana. Baba yako nilimwambia mwenyewe, mwaka wa pili, alipokuja na yule mzee. Nikamwambia usimsumbue mzee wa watu. Tangu hapo anakuja peke yake kila mwaka. Hakukwambieni?"

Nilimwambia ahsante. Nikatoka, nikakaa kivulini nje ya boma na khanga tupu mapajani, na watu wanapita na shughuli zao.

Nimejiuliza miaka yote kwa nini. Labda uliona aibu kuwa na binti aliyeachika katika chumba kimoja cha kupanga. Labda ulipenda baraza ya Mfaume, pale walipokuita Bwana Mwindaji na kukusogezea kiti. Labda ilikuwa rahisi tu, ulishazoea kusema vile. Nakwambia ukweli, sijui ipi ingeniuma kidogo.

Kwa Mfaume sikurudi hata kuchukua nguo. Nilikuja moja kwa moja kwako. Ulikuwa umejiinua kwa kiwiko, macho mlangoni, na jambo la kwanza ulilotazama ni mikono yangu.

"Iko wapi?"

Nikakwambia, "Wameizuia, baba. Wamesema hawakati leseni bila mdhamini kusema neno lake. Na Mfaume hatakusemea tena, kwa sababu mimi kwake nimetoka, na sirudi."

Ulifungua mdomo. Mimi nikavuta kigoda nikakaa usawa wa uso wako, nikakupa nafasi. Nataka leo ujue kwamba nilikupa makusudi. Wewe ulijua kwamba nasema uongo. Mtu pekee chumbani aliyeweza kunisahihisha alikuwa ni wewe. Ungesema tu, "Mwanangu, mdhamini hatakiwi tena, waliniambia zamani," karani angekuja na karatasi kesho yake, bunduki ungerudishiwa ukaiweka hata kitandani, na mimi, Mungu ni shahidi yangu, ningekusamehe palepale. Nilikuwa nimekwisha kukusamehe, nilisubiri uniombe tu.

Ukafumba mdomo. Ukasema, "Basi." Ukageukia ukutani.

Nikakuuguza. Uji nilikulisha kwa kijiko, nguo nilikubadilisha, nilikugeuza ubavu usipate vidonda, na majirani wakasema hakuna mtoto kama yule. Kila nilipokugeuza nilikuuliza taratibu, "Huna la kuniambia, baba?" Ulikuwa unatazama juu ya kabati pale patupu, halafu unanitazama mimi, halafu unasema huna. Uliitaka bunduki ile mpaka machozi yakawa yanakutoka pembeni ya jicho, na bado hukusema. Ulikata roho alfajiri, mkono wako katika mkono wangu, na la kuniambia huna.

Basi lala, baba. Watu wakikusifu sitawakatiza, nitachambua mchele. Ila mimi sikukusamehe, na leo umejua kwamba lilibaki neno lako moja tu.

Mwanao wa pekee,
Mwajuma