Na Huo Mwili?

Bunda, Jumanne usiku

Swali la wifi yangu bado linanizunguka kichwani.

Leo saluni, hapa Manyamanyama, wateja walikuwa wanapokezana simu yenye video ya utupu ya mwimbaji mmoja maarufu wa kike. Mimi mjuaji nikawaambia, "Si yeye, jamani. Wamebandika sura yake tu kwa kompyuta." Wote wakashusha pumzi, wakamwonea huruma dada wa watu.

Wifi alikuwa anasukwa. Akauliza, "Sura ni ya mwimbaji, sawa. Na huo mwili ni wa nani?"

Hata mimi sijawazaga hilo.

Mwimbaji ana mashabiki wa kumtetea. Huyu mwingine je? Labda na yeye ametumiwa video hiyo, akajitambua kwa kovu la goti. Atamlalamikia nani, wakati sura si yake?